Faili dogo linavyoweka rehani siri za wananchi mpakani Tunduma

UJUMBE wenyewe ni mfupi na umeandikwa kwa Kiingereza. Unasema kwamba programu haiwezi kuendelea kwa kuwa faili fulani, mathalani MSVCP140.dll, halikuonekana katika kompyuta. Kwa mwenye steshenari mjini Tunduma ambaye ameahidi kukabidhi kadi za mchango wa harusi kabla ya jua kuzama, maana ya ujumbe huo ni moja tu: kazi imesimama na mteja yuko njiani.

Kinachofuata kinajulikana na kila anayefanya biashara ya kuchapa, iwe Tunduma, Vwawa, Mlowo au Mbeya mjini. Huitwa fundi. Fundi hufika na flashi yake yenye mafaili ya kila aina aliyoyakusanya kwa miaka, au huandika jina la faili hilo mtandaoni na kulipakua kutoka tovuti ya kwanza inayojitokeza. Hulinakili ndani ya folda ya programu, CorelDRAW au Photoshop ikafunguka, fundi akalipwa ujira wake na kadi zikachapwa. Ni nadra mtu kuuliza faili hilo limetoka wapi na limetengenezwa na nani.

Swali hilo lingeweza kuachwa kwa mafundi wenyewe endapo kompyuta hiyo ingekuwa ya kuchora kadi na mabango tu. Lakini sivyo ilivyo. Saa moja baadaye, katika kiti kilekile, ataketi kijana anayejaza maombi ya mkopo wa elimu ya juu. Baada yake atakuja mwalimu anayeomba ajira serikalini kwa njia ya mtandao, kisha wakala wa forodha mwenye hati za shehena za kuskani, kisha dereva anayetaka nakala ya pasipoti. Nywila, namba za Kitambulisho cha Taifa, vyeti vya kuzaliwa na ankara za biashara hupita katika mashine ileile ambayo asubuhi ilitiwa faili lisilojulikana asili yake. Hapo ndipo jambo la kifundi linapogeuka kuwa jambo la umma.

Tunduma si mji wa kawaida katika suala hili. Ni lango kuu la mkoa wa Songwe, uliomegwa kutoka mkoa wa Mbeya mwaka 2016, na ndiko barabara ya TANZAM na reli ya TAZARA zinakovuka kuingia Zambia. Shehena inayoteremshwa katika bandari ya Dar es Salaam kwa ajili ya Zambia na sehemu ya Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo hupita hapo. Mwaka 2019 Rais John Magufuli na mwenzake wa Zambia, Edgar Lungu, walizindua kituo cha pamoja cha mpakani cha Tunduma na Nakonde, ili mizigo na wasafiri wahudumiwe katika kituo kimoja badala ya kusimama kila upande. Foleni zinaweza kupunguzwa kwa utaratibu kama huo, lakini hati hazijakoma. Bado zinapaswa kuandikwa, kuskaniwa, kutumwa na kuchapwa, na si kila mwenye mzigo ana ofisi yake. Mji wa mpakani huishi kwa karatasi, na karatasi hutoka steshenari.

Ili kuelewa hatari yenyewe, yafaa kueleza mafaili hayo ni nini. Mtengenezaji wa programu ya kuchora haanzi kila kitu upya. Kazi ya kufungua picha ya aina ya JPEG, kwa mfano, ilikwisha kuandikwa zamani: maktaba iitwayo libjpeg ilitolewa mwaka 1991, na tangu wakati huo imetumika katika programu zisizo na idadi. Picha za PNG zina maktaba yake, libpng. Kubana na kupanua data kuna zlib. Vivyo hivyo kwa kuchora herufi, kupanga rangi na kuzungumza na printa. Kila moja ya kazi hizo imefungwa katika faili lake, na programu huliita pindi inapolihitaji. Katika Windows mafaili hayo huishia na herufi dll. Katika Linux huishia na so. Ni kama kinu cha mtaa: nyumba kumi hazina haja ya kununua vinu kumi iwapo kimoja kinatosha wote.

Faida yake ni kubwa. Nafasi huokolewa, kazi hurahisishwa, na kasoro ikirekebishwa mahali pamoja wote hunufaika. Mfano mzuri ni ule wa programu huru ya picha iitwayo GIMP, iliyoanzishwa katikati ya miaka ya 1990 na wanafunzi wawili wa Chuo Kikuu cha California, Berkeley. Maktaba waliyoitengeneza kwa ajili ya vitufe na madirisha ya programu hiyo, GTK, ilikuja kuwa msingi wa GNOME, mojawapo ya mazingira ya kompyuta za mezani yanayotumika sana katika Linux. Kitu kilichobuniwa kwa ajili ya kuchorea picha kimeishia kubeba kompyuta nzima.

Lakini kinu cha mtaa kikitiwa sumu, ni mtaa mzima unaokula sumu. Septemba 2004 Microsoft ilitangaza kasoro katika maktaba yake ya michoro, GDI+, iliyowezesha picha ya JPEG iliyotengenezwa kwa hila kuendesha amri za mhalifu katika kompyuta ya anayeifungua. Ugumu haukuwa kurekebisha kasoro hiyo, bali kuyapata mafaili yenyewe, kwa kuwa programu nyingi zilikuwa zimebeba nakala zao binafsi za maktaba hiyo katika folda zao. Ilibidi itolewe zana maalumu ya kuzisaka. Miaka 19 baadaye, Septemba 2023, kisa kikajirudia kwa sura nyingine: kasoro katika libwebp, maktaba ya kufungua picha za aina ya WebP, iligusa Chrome, Firefox na orodha ndefu ya programu nyingine zilizoitegemea. Walioitumia wengi wao hawakuwahi hata kulisikia jina lake.

Hizo zilikuwa kasoro za bahati mbaya, na wenye programu halali walipata marekebisho. Hali ya steshenari nyingi ni tofauti, kwa sababu programu za michoro zilizomo humo mara nyingi si halali.

Namna ya kuvunja leseni ya programu hizo inafahamika. Programu inapofunguliwa huliita faili mojawapo la maktaba na kuliuliza iwapo mtumiaji amelipa. Wavunjaji huliondoa faili hilo na kuweka jingine lenye jina lilelile, ambalo kila likiulizwa hujibu kuwa amelipa. Programu za Adobe za miaka ya 2010 zilivunjwa kwa wingi kwa njia hiyo. Kwa maneno mengine, katika kompyuta ya namna hii faili la kughushi halikupenya kwa bahati mbaya. Limealikwa, na kazi yake ya kwanza ni kusema uongo. Je, linafanya kazi gani ya pili? Mwenye duka hana namna ya kujua, na fundi pia hana.

Jambo la kutia shaka zaidi ni masharti yanayoambatana nalo. Maelekezo ya programu hizo humtaka mtumiaji azime kinga ya virusi kabla ya kuanza. Wakati mwingine sababu ni ya kweli, kwani kinga hulalamikia faili lolote lililochezewa, liwe na virusi au lisiwe navyo. Ila kwa mtumiaji matokeo ni yaleyale: amezoeshwa kwamba onyo la kompyuta ni usumbufu wa kupuuzwa. Siku mwizi wa kweli atakapoingia, onyo litakuwa lilelile na litapuuzwa vilevile.

Uhalali wa programu peke yake nao hautoshi. Windows, inapotafuta maktaba ambayo programu imeiita, kwa kawaida huanza kuangalia ndani ya folda ya programu yenyewe. Ndiyo maana fundi akitupia faili humo, tatizo hutoweka mara moja. Wahalifu wanaifahamu tabia hiyo na wamekuwa wakiitumia kwa miaka mingi: huliweka faili lao bovu kando ya programu halali, na programu hiyo, kwa uaminifu wake wote, hulipakia na kuliendesha. Faili lililoingia namna hiyo linaweza kunakili kila herufi inayobonyezwa, kutuma nyaraka nje, au kukaa kimya miezi kadhaa likisubiri.

Kuna pia upotofu wa kawaida usiohusiana na uhalifu. Faili moja la dll linaweza kuwa na matoleo mengi yenye jina lilelile. Lipo la biti 32 na la biti 64, na ukiweka moja mahali pa jingine programu hukataa kufunguka kwa ujumbe usioeleweka zaidi ya ule wa kwanza. Microsoft yenyewe imechangia utata huo: katika Windows ya biti 64, folda iitwayo System32 ndiyo yenye mafaili ya biti 64, ilhali ya biti 32 huwekwa katika folda iitwayo SysWOW64. Fundi aliyejifunzia kazi dukani ana haki ya kuchanganyikiwa. Katika miaka ya 1990 vurugu hizi zilikuwa kubwa zaidi, pale programu mpya ilipoweza kufuta faili la pamoja na kuweka toleo la zamani, na programu nyingine tatu zikafa siku hiyohiyo. Kuanzia Windows 2000 kampuni hiyo iliweka ulinzi wa mafaili ya mfumo ili kukomesha mchezo huo.

Ni rahisi kuwalaumu wenye maduka na mafundi, na lawama hizo husikika sana katika semina zinazofanyika Dar es Salaam na Dodoma. Zinasahau hesabu ya biashara yenyewe. Mwaka 2013 Adobe ilitangaza kuachana na uuzaji wa matoleo mapya kwa malipo ya mara moja na kuhamia malipo ya kila mwezi. Malipo hayo hufanywa mtandaoni kwa kadi, kwa bei inayopangwa kwa fedha za kigeni, tena yanadai kompyuta yenye nguvu ambayo duka la kuchapa kadi halina. Duka linalotoza shilingi mia kadhaa kwa nakala moja haliwezi kubeba mzigo huo bila kupandisha bei, na jirani yake asiyelipa leseni atamchukulia wateja kabla mwezi haujaisha. Anayefuata sheria ndiye anayeadhibiwa na soko.

Tena kuna upande ambao serikali haipendi kuutazama. Katika miaka ya karibuni huduma nyingi za umma zimehamishiwa mtandaoni: maombi ya mikopo ya wanafunzi, ajira, usajili wa kampuni kwa BRELA, namba ya mlipakodi, vyeti vya RITA. Hatua hiyo ni njema. Imepunguza safari, na imepunguza pia mianya ya kuombwa chochote dirishani. Lakini mwananchi asiye na kompyuta wala ujuzi hakuhamia mtandaoni; alihamia steshenari. Mkulima wa kahawa wa Mbozi mwenye mtoto aliyechaguliwa kujiunga na chuo kikuu hafungui mfumo wa Bodi ya Mikopo akiwa shambani. Hupanda gari hadi mjini, humkabidhi mtoa huduma vyeti vyote vya familia, naye humfungulia akaunti, humchagulia nywila na mara nyingi huiandika katika daftari la duka. Dirisha la ofisi ya umma limehamishiwa kwa mfanyabiashara binafsi, bila mkataba, bila mafunzo na bila mtu wa kulikagua.

Sheria ipo. Bunge lilitunga Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi mwaka 2022, ikaanza kutumika Mei 1, 2023, na Tume yake inasajili wanaokusanya na kuchakata taarifa za watu. Ipo pia TZ-CERT, kitengo cha kitaifa cha kushughulikia matukio ya usalama wa mitandao kilicho chini ya Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania. Kwa benki na kampuni za simu, utaratibu huo unaeleweka na unatekelezeka. Kwa duka lenye kompyuta mbili na printa moja pembezoni mwa stendi, ni vigumu kuona utafikaje huko kwa njia ya fomu na ada za usajili pekee. Ofisa wa halmashauri akipita hukagua leseni ya biashara, ofisa wa kodi hukagua mashine ya risiti, na wa zimamoto hukagua mtungi ukutani. Kompyuta, ambayo ndiyo yenye siri za mji, haimo katika orodha ya yeyote.

Upo ufumbuzi usiosubiri Bunge, na kwa sehemu kubwa haugharimu fedha. Ule ujumbe wa MSVCP140.dll uliotajwa mwanzoni hauhitaji faili la mtu yeyote. Faili hilo ni sehemu ya kifurushi cha Visual C++ ambacho Microsoft hukitoa bure katika tovuti yake, na kukisakinisha hurudisha mafaili yote yanayohusika, kila moja mahali pake na kwa toleo lake sahihi. Kwa programu nyingine kanuni ni hiyohiyo: isakinishwe upya programu iliyopungukiwa, badala ya kusakwa faili moja. Tovuti zinazotoa mafaili ya dll moja moja, hata zile zisizo na nia mbaya, humpa mtu kipande kimoja cha kitu kilichotengenezwa kitumike kikiwa kizima.

Hatua ya pili ni kutenga mashine. Duka lenye kompyuta mbili linaweza kuamua leo kwamba moja ni ya michoro na nyingine ni ya fomu za wateja, na flashi ya fundi isiguse hiyo ya pili. Hata duka lenye kompyuta moja linaweza kumfungulia mteja dirisha la faragha la kivinjari na kumwachia aandike nywila yake mwenyewe. Hilo halitamzuia mwizi aliyekwisha kuingia ndani ya mashine, ila litaziba mwanya wa daftari.

Kuhusu programu zenyewe, mbadala umekomaa kuliko wengi wanavyodhani. Kikwazo kikubwa cha kuhama kutoka CorelDRAW kimekuwa siku zote ni kabati la kazi za zamani: mabango, nembo na kadi za miaka kumi, zote katika mafaili ya cdr ambayo ni programu chache nyingine tu zilizoweza kuyafungua. Kikwazo hicho kilitikiswa na maktaba ya pamoja. Watengenezaji walioshirikiana na mradi wa LibreOffice waliandika libcdr, yenye kazi moja tu ya kuyasoma mafaili ya CorelDRAW, wakaiacha huru kwa yeyote kuitumia. LibreOffice ikaipokea mwaka 2012, na programu ya michoro ya Inkscape nayo huitumia. Kazi iliyofanywa mara moja ikafungua milango ya programu kadhaa.

Isidhaniwe kwamba kuhama ni mteremko. Kazi yenye vivuli na mapambo mengi hufunguka ikiwa imepungua, herufi hubadilika iwapo fonti haimo, na mteja aletaye faili kutoka kwa mchapaji wa Mbeya au Lusaka hataki kusikia maelezo. GIMP, ambayo toleo lake la 3.0 lilitolewa Machi 2025 baada ya kusubiriwa kwa miaka mingi, bado haina hali kamili ya kufanyia kazi rangi nne za mitambo ya uchapaji. Kwa kiwanda cha kuchapa magazeti hilo ni tatizo. Kwa duka linalochapa kadi kwa printa ya wino ya kawaida, tofauti hiyo haitaonekana na waalikwa wa harusi.

Linalosikitisha ni kwamba nchi hii iliwahi kuianza safari hiyo mapema. Mwaka 2004 mradi wa Kilinux, ulioshirikisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na wataalamu kutoka Sweden, ulitoa Jambo OpenOffice, programu ya ofisi iliyozungumza Kiswahili, na Microsoft nayo ikaja na Kiswahili chake kwa ajili ya Windows na Office. Kazi ilikuwa ya kujivunia. Lakini tafsiri ilipokamilika hapakuwa na mtandao wa mafundi wa kuifikisha Tunduma au Ileje, wala agizo la kuitumia katika ofisi za halmashauri, na steshenari ziliendelea kufundishana zile programu ambazo kila mteja alizijua. Ndiyo maana ujumbe wa kukosekana kwa faili bado unamfikia mwenye duka kwa Kiingereza, naye hutegemea tafsiri ya fundi.

Mashine zenyewe nazo zinazeeka. Oktoba 14, 2025 Microsoft ilisitisha huduma ya kawaida ya marekebisho ya bure kwa Windows 10, na kompyuta nyingi za mezani zinazoingia nchini zikiwa zimetumika hazikidhi masharti ya Windows 11. Mashine hizo hazitatupwa. Zitaendelea kuchapa kadi na kujaza fomu, na kila kasoro mpya ya maktaba za Windows itakayogunduliwa itazikuta bila marekebisho. Linux ingeweza kuzipa uhai, na vyuo vya VETA pamoja na vyuo vya ualimu vina vijana wa kuifanya kazi hiyo iwapo halmashauri za Songwe zitaamua kuwalipa. Gharama ya kumtembeza fundi mmoja aliyefunzwa katika steshenari za Tunduma, akiwa na flashi yenye vifurushi halali vilivyopakuliwa kwa wenyewe, haizidi ile ya semina moja ya siku mbili hotelini.